SWILA NA CHATU: NANI WA KUOGOPWA ZAIDI?

Na mwanachama wa Chama cha Kiswahili, Kidato cha Tatu

 

Katika muhula wa pili chama chetu kilifanya mjadala kuhusu mada hii: "Chatu ni hatari kuliko swila." Waliounga mkono walishinda kwa kura nyingi sana. Hoja yao kubwa ilikuwa moja tu, kwamba chatu anaweza kummeza mbuzi mzima pamoja na pembe zake, na swila je, anaweza? Ukumbi ukaangua kicheko, kura zikapigwa, tukaenda zetu nyumbani.

Lakini wenzangu, kura si ushahidi. Sisi wanafunzi wa kutwa tunatembea asubuhi kabla jua halijachomoza na tunarudi jioni giza likiingia. Tunapita katika nyasi, kando ya mashamba ya mpunga na karibu na vichuguu. Nyoka kwetu si hadithi za vitabuni. Kwa hiyo nimeona heri niwaeleze nyoka hawa wawili mmoja mmoja: wanavyoishi, wanavyowinda na wanavyoua. Mwishoni kila msomaji ataamua mwenyewe ni nani wa kuogopwa, na muhimu zaidi, atajua la kufanya.

WAJUE KWA SURA

Swila, ambaye wengine humwita fira, ni nyoka mwenye ngozi laini inayong'aa. Akikasirika huinua sehemu ya mbele ya mwili wake na kuitanua shingo ikawa pana kama mwiko wa kusongea ugali. Wengi hufikiri anajijaza hewa. La hasha! Ni mbavu za shingoni zinazofunguka kama mwavuli na kuivuta ngozi. Hapo huwa anakuonya: nimekuona, rudi nyuma.

Kenya yetu ina swila wa aina kadhaa. Yuko swila wa Misri, anayependa sehemu zilizo kavu kiasi. Yuko swila wa msituni, ambaye hupatikana katika misitu kama ule wa Kakamega. Yuko swila mwekundu wa nyanda kame. Yuko swila mwenye shingo nyeusi, na huyu ndiye anayetusumbua sana huku kando ya ziwa. Kwa Kijaluo nyoka mweusi wa namna hii huitwa rachier, na ukilitaja jina hilo usiku nyumbani kwetu, bibi atakunyamazisha mara moja.

Halafu yuko baba yao. Kwa miaka mingi watu waliona swila mkubwa wa rangi ya kahawia anayetema sumu, wakadhani ni yule yule mwenye shingo nyeusi. Mwaka 2007 wataalamu wawili, Wolfgang Wüster na Donald Broadley, walionyesha kwamba huyo ni nyoka wa aina ya pekee. Wakampa jina la marehemu James Ashe, mwanzilishi wa shamba la nyoka la Bio-Ken huko Watamu, Pwani. Mmoja wa nyoka hao alikuwa na urefu wa karibu mita 2.7. Huyo ndiye mkubwa kuliko swila wote watemao sumu duniani, na ni Mkenya mwenzetu!

Chatu naye hahitaji kutambulishwa sana. Kwa Kijaluo ni ng'ielo. Mwili wake ni mnene kama mguu wa mtu au zaidi, wenye mabaka ya kahawia na manjano kama kitenge. Kichwani ana alama nyeusi iliyochongoka mbele kama mkuki. Mkubwa huwa na urefu wa mita 3 hadi 5 kwa kawaida, na uzito wake unaweza kupita wa mwanafunzi wa darasa la chini. Ukimchunguza vizuri karibu na mkia utaona vijikucha viwili vidogo. Hayo ni mabaki ya miguu waliyokuwa nayo mababu wa nyoka zamani za kale.

Makao yao pia hutofautiana. Chatu hupenda maji. Hukaa katika mafunjo, kando ya mito, katika miamba na katika mashimo yaliyoachwa na muhanga. Anaweza kuzama majini akaacha pua tu nje. Swila naye hukaa katika vichuguu, mashimo ya panya, marundo ya kuni, mawe, na hata katika banda la kuku. Kumbuka jambo hili, maana tutalirudia.

SILAHA YA SWILA: SUMU

Swila ana meno mawili ya mbele yaliyo na tundu ndani, mfano wa sindano ya daktari. Juu ya kila taya, nyuma ya jicho, kuna kifuko cha sumu. Swila akiuma, misuli hukikamua kifuko, sumu hupita katika jino na kuingia mwilini. Kazi yote haichukui hata sekunde moja. Meno hayo ni mafupi na hayakunjiki, tofauti na ya kifutu ambaye meno yake ni marefu na hukunjwa kama kisu cha mfukoni.

Sasa, sumu hiyo hufanya nini? Hapa lazima tutofautishe, kwa sababu sumu za swila si za namna moja.

Swila wa Misri na swila wa msituni wana sumu inayoshambulia mawasiliano kati ya neva na misuli. Waliosoma baiolojia wanajua kwamba ukitaka kuinua mkono, ubongo hutuma habari kupitia neva. Neva ikifika kwenye msuli hutoa kemikali, na kemikali hiyo huingia mahali pake kwenye msuli kama ufunguo katika kufuli. Msuli hujikaza, mkono ukainuka. Sumu ya swila huingia katika kufuli hilo kwanza na kuliziba, kama mtoto mtundu anavyosokota kijiti katika tundu la kufuli la bweni. Ufunguo unakuja, haupati pa kuingia. Ubongo unapiga kelele, msuli hausikii.

Dalili huanza usoni. Kope za macho hulegea zikajifunga zenyewe. Maneno huanza kuwa mazito kama ya mlevi. Kumeza mate kunakuwa taabu. Mwisho misuli ya kuvuta pumzi hupooza, na mtu hufa kwa kukosa hewa hali moyo wake ungali unapiga. Ndiyo maana hospitalini mgonjwa wa namna hii anaweza kusaidiwa kwa mashine ya kupumulia mpaka sumu ipungue nguvu.

Swila watemao sumu, kama mwenye shingo nyeusi, wao sumu yao zaidi huharibu nyama yenyewe. Mahali palipoumwa hufura, huuma sana, hutoka malengelenge, kisha nyama huanza kufa na kuwa nyeusi. Mtu anaweza kupona lakini akabaki na kidonda cha miezi mingi, au akakatwa kidole, mguu au mkono. Kwa hiyo usimsikilize anayesema, "Ah, huyu swila wetu haui." Hata kama hakuui, anaweza kukuachia kilema cha maisha.

SWILA ATEMAYE

Jambo linalowashangaza watu zaidi ni huku kutema. Kwa hakika nyoka hatemi mate kama sisi. Tundu la jino lake halielekei chini bali mbele, tena ni dogo. Akikamua kifuko, sumu hufyatuka kama maji kwenye bomba la mpira ulilolibana kwa kidole. Hufika mita 2 au zaidi. Wakati anapotema hutikisa kichwa kidogo, sumu ikatawanyika, ndiyo maana mara nyingi hakosi. Naye hulenga usoni, machoni hasa.

Sumu hii ikianguka kwenye ngozi isiyo na jeraha haina madhara makubwa. Ikiingia machoni, ole wako. Maumivu ni kama umepakwa pilipili na moto kwa pamoja. Usipoosha upesi inaweza kulitoboa jicho na kukupofusha.

Mwaka 2021 watafiti walitoa matokeo ya ajabu. Waligundua kwamba uwezo wa kutema ulijitokeza mara tatu mbalimbali: kwa swila wa Afrika, kwa swila wa Asia, na kwa ndugu yao wa Afrika Kusini aitwaye rinkhals. Tena katika makundi yote matatu sumu ilibadilika kwa njia moja, ikawa kali zaidi katika kuleta maumivu. Yaani sumu ya kutemwa si ya kuwindia, maana panya hauawi kwa kutemewa. Ni ya kujikinga tu. Watafiti hao walidokeza kwamba huenda adui aliyesababisha mabadiliko hayo alikuwa babu wa binadamu, mwenye kutembea kwa miguu miwili na kurusha mawe na fimbo. Kama ni kweli, basi ugomvi wetu na swila ni wa zamani kuliko lugha zetu zote.

SILAHA YA CHATU: NGUVU

Chatu hana sumu hata tone. Silaha yake ni subira na misuli. Hujilaza kando ya njia ya wanyama au penye maji, akatulia kama gogo kwa saa nyingi. Mdomoni, kwenye magamba ya midomo, ana vishimo vidogo vinavyohisi joto. Kwa hivyo hata usiku wa giza totoro anajua kwamba kiumbe chenye damu ya moto kinapita mbele yake.

Mnyama akikaribia, chatu huruka kwa kichwa na kumwuma. Meno yake ni mengi, makali, na yote yamepinda kuelekea nyuma kama ndoano. Mnyama akivuta ili ajinasue, ndipo yanapozama zaidi. Papo hapo chatu humzungushia mwili wake mara mbili au tatu, akaanza kubana.

Tangu darasa la chini tumeambiwa kwamba chatu humvunja mnyama mifupa au humziba pumzi mpaka afe. Hata vitabu vingi vimesema hivyo. Lakini mwaka 2015 watafiti wa Marekani waliwapima panya walioshikwa na boa, nyoka wa Amerika ambaye naye huua kwa kubana. Walikuta kwamba katika sekunde chache tu damu ya panya iliacha kuzunguka vizuri mwilini. Yaani mbano ni mkali kiasi kwamba moyo hauna nguvu za kusukuma damu. Ubongo ukikosa damu, mnyama huzimia mara moja, na moyo hufuata. Pumzi haipati hata nafasi ya kwisha! Kwa kuwa chatu hubana kwa namna hiyo hiyo, wataalamu wanaamini naye huua vivyo hivyo.

Na nyoka hujuaje kwamba mawindo yamekufa? Watafiti hao walikuwa wamefanya jaribio lingine mwaka 2012. Waliwapa boa panya waliokwisha kufa, lakini ndani ya panya wakatia moyo wa bandia uliokuwa ukipiga. Boa akaendelea kubana na kubana. Moyo wa bandia ulipozimwa, akalegeza. Kumbe nyoka huusikiliza moyo wa mawindo yake kwa ngozi! Kubana kunamchosha, kwa hivyo hataki kupoteza nguvu zake bure.

CHAKULA NA KUMEZA

Swila hula panya, vyura, mijusi, mayai, vifaranga, na hata nyoka wengine. Chatu mdogo naye hula panya na ndege, lakini mkubwa huweza kumla sungura, pimbi, tumbili, mbuzi, mbwa na paa. Wote wawili humeza bila kutafuna.

Watu husema nyoka "huteguka taya" ili ameze. Si kweli. Pande mbili za taya la chini hazikuungana mbele kama zetu. Zimefungwa kwa kano inayovutika kama mpira, kwa hiyo kila upande husogea peke yake. Hivyo nyoka "hutembea" kwa meno juu ya mawindo, kushoto kisha kulia, mpaka yaishe. Ili asikose hewa, husukuma tundu la koo lake nje kando ya mdomo, akavuta pumzi hali amejaza kinywa.

Baada ya shibe, chatu hubadilika mwili. Wataalamu waliowachunguza chatu wa Burma walikuta kwamba katika siku 2 tu baada ya kula, moyo ulikuwa umeongezeka kwa karibu asilimia 40. Utumbo na ini pia hukua. Chakula kikiisha kusagwa, viungo hurudi kama vilivyokuwa, na chatu huweza kukaa miezi bila kula tena. Sisi tukikosa chakula cha mchana siku moja tu, kipindi cha hesabu cha alasiri hakipandi kabisa.

MALEZI

Nyoka hawa wote hutaga mayai. Swila jike hutaga kumi hadi ishirini hivi katika kichuguu au shimo. Mtoto wa swila akianguliwa tu huwa na sumu yake na huweza kuuma siku hiyo hiyo. Ndipo wahenga waliposema mtoto wa nyoka ni nyoka. Wanaochezea nyoka wadogo wakidhani hawana madhara wajihadhari.

Chatu jike hutaga mayai thelathini, hamsini, na pengine zaidi. Hujizungusha juu yake na kuyaatamia kwa miezi miwili au mitatu, naye wakati huo wote hali kitu. Mwaka 2018 Profesa Graham Alexander wa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, Afrika Kusini, alieleza kwamba chatu mama hugeuka rangi akawa mweusi zaidi, ili akiota jua apate joto upesi na kulipeleka kwa mayai shimoni. Wana wakianguliwa hukaa nao kwa muda wa wiki mbili hivi, usiku wakilala katika mikunjo ya mwili wake. Nani angefikiri kwamba nyoka tunayemwita zimwi ana huruma ya mama?

OMIERI WA NYAKACH

Huku kwetu huwezi kuzungumza juu ya chatu bila kumtaja Omieri. Mwaka 1987 chatu mkubwa wa Nyakach aliyepewa jina hilo aliungua katika moto wa nyika. Habari zake zilienea nchi nzima. Akapelekwa Nairobi kutibiwa, lakini akafa. Watu wengi walihuzunika, maana wazee wa Kijaluo huamini kwamba chatu wa namna hiyo huja na mvua na mavuno mema.

Mwaka 2003 chatu mwingine alionekana Nyakach, naye akaitwa Omieri. Alikuwa anaatamia mayai. Kijiji kikagawanyika. Wazee walisema aachwe kwa kuwa ameleta baraka, na wengine wakasema mifugo na watoto hawana usalama.

Mimi sitaamua mambo ya imani za wazee. Lakini naona kuna hekima ndani yake. Chatu hula panya na wanyama wengine waharibifu wa mazao, na tena huonekana sana penye maji. Mahali penye chatu, mvua na mpunga huwa havipo mbali.

BASI, NANI HATARI ZAIDI KWA BINADAMU?

Sasa turudi kwenye swali letu. Ni kweli chatu ana uwezo wa kumwua mtu. Mwaka 2009, karibu na Malindi, mfanyakazi wa shamba alimkanyaga chatu, akashikwa na kupandishwa mtini. Alijitetea hata kwa kumwuma nyoka mkia! Alifaulu kutoa simu ya mkononi na kuomba msaada, na polisi pamoja na wanakijiji wakamwokoa. Mwaka 2013 watoto wawili wa Kanada waliuawa na chatu wa Afrika aliyetoroka mahali alipofugwa, tena ndani ya nyumba. Visa hivi ni vya kuhuzunisha. Lakini ni vichache mno, ndiyo maana kila kimoja hutangazwa dunia nzima.

Wanaoumwa na nyoka wenye sumu hawatangazwi, kwa sababu ni wengi. Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba kila mwaka watu kati ya 81,000 na 138,000 hufa kwa kuumwa na nyoka, na wanaobaki na vilema, kama kukatwa viungo, ni karibu mara tatu ya hao. Wengi wao ni wakulima, wachungaji na watoto wa vijijini katika Afrika na Asia. Mwaka 2017 shirika hilo lililiingiza tatizo hili katika orodha ya magonjwa ya nchi za joto yaliyosahauliwa, na mwaka 2019 likaweka lengo la kupunguza vifo na vilema hivyo kwa nusu ifikapo mwaka 2030.

Kwa nini swila atuzidi hivyo? Sababu ni kwamba swila anakaa na sisi. Panya hufuata mahindi na mpunga wetu, na swila hufuata panya. Huingia nyumbani usiku, na mtu aliyelala sakafuni akigeuka na kumlalia, huumwa. Chatu yuko mtoni huko, nasi humwona mapema kwa ukubwa wake. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Kwa hiyo nasema, pamoja na heshima zote kwa washindi wa mjadala, ukubwa wa nyoka si kipimo cha hatari yake. Tunamwogopa anayejaza macho, na tunamsahau anayelala chini ya kuni.

UKIUMWA UFANYE NINI

Mwaka jana binamu yangu wa Gredi ya Sita alitoka usiku kwenda chooni bila viatu wala tochi. Swila akamwuma mguuni. Waliokuwapo walimfunga mguu kwa kamba, wakamchanja kwa wembe, wakaweka jiwe jeusi linalosemekana hufyonza sumu. Saa tatu zikapita jiwe likiwa limekwama pale. Alipofikishwa kwenye zahanati moja, dawa ya sumu ya nyoka haikuwapo. Ikabidi atafutwe gari usiku apelekwe hospitali kubwa. Alipona, ashukuriwe Mungu, lakini alipoteza vidole viwili vya mguu na muhula mzima wa masomo. Sikusudii kumlaumu mtu. Kila mmoja alifanya alichokijua. Ndiyo sababu nataka sisi tujue zaidi.

Nyoka akimwuma mtu, fanya hivi:

1. Ondokeni mahali pale. Usimfukuze nyoka ili umwue, asije akawauma wawili. Kumbuka tu rangi na umbo lake.

2. Mtulize mgonjwa na umlaze. Mvue viatu, pete, bangili na saa kabla kiungo hakijafura.

3. Kiungo kilichoumwa kisichezechezwe. Kifunge banzi kama mtu aliyevunjika mfupa, bila kukaza.

4. Mpeleke hospitali upesi. Asitembee kwa miguu ikiwa kuna wa kumbeba. Akipanda bodaboda akae katikati, dereva mbele na mtu wa kumshika nyuma. Akiwa anatapika au amelegea, alazwe ubavu.

5. Usimfunge kamba, usichanje, usifyonze kwa mdomo, usipake mafuta ya taa, wala usingojee jiwe jeusi. Kamba huzuia damu na kuzidisha kuoza kwa nyama. Ngoja ngoja huumiza matumbo.

6. Akitemewa sumu machoni, asiyasugue. Yaoshe kwa maji safi mengi kwa dakika 15 au zaidi, kisha aende hospitali siku hiyo hiyo.

Chatu akimwuma mtu, hakuna sumu, lakini kidonda kioshwe kwa maji na sabuni, na mtu aende kuchomwa sindano ya pepopunda.

Dawa ya kweli ya sumu ni moja. Farasi hudungwa sumu kidogo kidogo, mwili wake ukatengeneza kinga, na kinga hiyo ikatolewa katika damu yake ikasafishwa. Mfaransa Albert Calmette ndiye mmoja wa waanzilishi wa dawa hii katika miaka ya 1890, na alianza na sumu ya swila wa Asia. Lakini dawa hii ni kama ufunguo. Iliyotengenezwa kwa nyoka wa nchi nyingine huenda isiifae sumu ya nyoka wetu. Kenya kwa miaka mingi imekuwa ikiinunua nje, ni ghali, na zahanati nyingi ndogo hazina.

KINGA NI BORA KULIKO TIBA

Wenzangu, twaweza kujikinga kwa mambo madogo. Tembea na tochi usiku. Vaa viatu vigumu au gambuti unapopalilia. Usitie mkono katika shimo au rundo la kuni usiloliona. Fyeka nyasi karibu na nyumba, na uzibe matundu ya panya. Lala chini ya chandarua ukichomeka pembe zake vizuri. Chandarua humzuia mbu, na nyoka pia.

Ukikutana na swila, simama, kisha rudi nyuma polepole ukiyakinga macho. Ukikutana na chatu, mpishe, na uwaite maofisa wa Shirika la Wanyamapori, KWS. Hana haja na wewe, na kumwua ni kuwaongezea panya maisha.

Mwisho, nina ombi moja kwa kila atakayesoma makala haya. Uliza leo, kabla ya shida: ni hospitali gani iliyo karibu na kwenu yenye dawa ya sumu ya nyoka? Andika jina lake ukutani jikoni, mahali mama na baba watakapoliona. Usiku wa shida hautakuwa na wakati wa kuuliza.